Mafuta Yaliyozuiwa Mpakani

Ushongo, Pangani
12 Agosti 2024

Kwa Afisa Mhakiki,
Ofisi ya Uhakiki wa Asili ya Bidhaa,
Mpakani.

YAH: KUZUIWA KWA MAFUTA YA NAZI YA KIKUNDI CHETU

Tafadhali husika na kichwa cha habari hapo juu.

Mimi ni mwenyekiti wa kikundi cha kina mama wa Ushongo tunaokamua mafuta ya nazi. Tulituma katoni zetu kwa Bwana Hatim, mwenye duka Mombasa, kupitia kwa wakala wetu wa forodha, Badru. Badru amerudi mikono mitupu. Anasema mafuta yetu umeyafungia ghalani kwa sababu yana shaka.

Kwa heshima zote, naomba kujua shaka hiyo ni ya nini. Tunavyoelewa sisi, mkataba wa Jumuiya ya Afrika Mashariki unasema kitu kilichozalishwa Tanzania kikiingia Kenya hakitozwi ushuru. Tulisomewa jambo hilo kwenye semina hapa Pangani, tukapewa na soda. Nazi ni za Ushongo, mikono ni ya Ushongo, hata kuni ni za Ushongo. Hiyo shaka imeingilia wapi?

Natanguliza shukrani, ingawa cha kushukuru sijakiona bado.

Sabra Sele
Mwenyekiti


Mpakani
19 Agosti 2024

Kwa Bi Sabra Sele,
Ushongo.

YAH: MAJIBU YA BARUA YAKO

Barua yako ya tarehe 12 imepokelewa.

Ni kweli kwamba mkataba unaondoa ushuru kati ya nchi wanachama. Lakini nafuu hiyo ni ya bidhaa yenye asili ndani ya Jumuiya peke yake. Bidhaa ya nje hulipiwa ushuru kamili, hata ikipitia Tanga ikabandikwa karatasi mpya. Kuthibitisha asili ndiyo kazi ya ofisi hii.

Nimeyazuia mafuta yako kwa mambo mawili. Chini ya kila chupa pamechapwa jina la nchi ya mbali. Halafu mafuta yenyewe ni meupe kama maji, wakati mafuta ya kukamua nyumbani tunayoyajua sisi watu wa pwani huwa na ukahawia. Mwaka huu tumekwisha kukamata mizigo ya mafuta ya nje iliyovishwa majina ya vikundi visivyokuwepo.

Kanuni zinaniruhusu kuomba kutembelea mahali pa uzalishaji, nikifuatana na afisa wa upande wa Tanzania. Kama kikundi chako kipo, naomba nipewe tarehe.

Ayubu Tahiri
Afisa Mhakiki


Ushongo
26 Agosti 2024

Kwa Bwana Ayubu Tahiri,

YAH: KIKUNDI KIPO

Nimewasomea kina mama ule mstari wako wa mwisho. Bi Saleha, mkubwa wetu, ambaye angeweza kukuzaa, alijishika kifua akauliza, "Kwani mimi pepo?"

Chupa tunanunua Tanga mjini, katika duka la jumla. Nchi yetu ikianza kutengeneza chupa ndogo kama zile tutazinunua hizo. Lakini nikuulize: mtu akikuuzia asali ndani ya chupa ya dawa ya kikohozi, asali inageuka dawa?

Na huo weupe unaoushangaa ni kwa sababu hatuyaunguzi. Tui tunaliacha litulie, tunaengua utando wa juu, tunautia motoni kwa makuti machache tu mpaka mafuta yajitenge. Mama zetu walitaka yawe ya kahawia kwa sababu walipenda yale mashapo matamu yanayobaki sufuriani. Wanunuzi wa Hatim hawali mashapo, wanajipaka nywele.

Njoo siku yoyote isipokuwa Ijumaa mchana. Ukifika Pangani vuka na kivuko mpaka Bweni, kisha mwambie dereva wa bodaboda yeyote akupeleke kwa kina mama wa mafuta. Akisema hatupo, rudi nyumbani.

Sabra Sele


Ushongo
14 Septemba 2024

Bwana Ayubu,

Assalaam alaykum. Barua hii haina YAH.

Ulikuja, tukakupokea. Ulizunguka shamba lote na yule mwenzako, mkatazama minazi, mkatazama vifuu nyuma ya banda, mkachungulia masufuria. Uliuliza maswali mpaka Bi Saleha akasema huyu angefaa kuwa kadhi. Hatukukasirika. Ulipokaa juu ya mbuzi ukakuna nazi mwenyewe ili ujionee, ukajikata kidole, na Bi Saleha akachana kipande cha kanga yake akakufunga, tulisema moyoni, huyu ni mtu.

Kisha tukatandika mkeka. Wali wa nazi, samaki changu wa kupaka, na bilauri za maji ya madafu. Na wewe ukasimama. Ukasema, "Hairuhusiwi," ukachukua viatu vyako. Mwenzako akainamisha kichwa akakufuata. Hukuonja hata tonge moja.

Bi Saleha alikuwa jikoni tangu alfajiri kwa ajili yenu. Jioni aliniuliza, "Ametuona wachafu?" Mimi nimezaliwa hapa, Bwana Ayubu, na sijapata kuona mgeni akiondoka kwenye mkeka uliotandikwa.

Zuia mafuta ukitaka. Lakini yule mama usingemfanyia vile.

Sabra


Mpakani
20 Septemba 2024

Bi Sabra,

Wa alaykum salaam. Na mimi nimeiacha YAH.

Mama yangu ni Mdigo wa Vanga, huku Kenya. Angekuwepo siku ile angenizaba kofi mbele ya watu, na ningestahili. Nimeisoma barua yako mara kadhaa, na kila mara nimeona aibu kwa jinsi nilivyoondoka, si kwa kuondoka kwenyewe. Niruhusu nieleze.

Afisa anayehakiki hapokei kitu kutoka kwa anayehakikiwa. Hapokei fedha, wala zawadi, wala chai. Nikila changu wenu leo, kesho nikisema mafuta ni yenu kweli, mwenye mafuta ya bandia atasema, "Alikula huko." Maneno yangu hayatakuwa na uzito tena, na wenye kuumia ni nyinyi. Ningeyasema hayo pale pale, kwa upole, kabla Bi Saleha hajawasha moto. Sikuyasema kwa sababu harufu ilikuwa imenivuruga akili. Nilinunua mkate mkavu gengeni Bweni nikaula ndani ya kivuko.

Niombee radhi kwa Bi Saleha. Mpe shikamoo yangu. Kidole kinapona, na kitambaa cha kanga yake nimekifua nimekiweka.

Jambo jingine. Uliponiuliza shambani mbona tunawasumbua wanyonge, nilikujibu kwa vifungu vya sheria. Jibu langu hasa ni hili. Mafuta ya nje ni rahisi kuliko yenu, kwa sababu yanakamuliwa na mashine kubwa na kuletwa kwa meli. Mlango ukiachwa wazi kwa kila anayeandika "Tanga" kwenye chupa, Hatim hatakuwa na sababu ya kununua kwenu. Ule mkataba utabaki karatasi. Nikizuia mzigo, huwa nawafikiria watu kama nyinyi, ingawa najua haionekani hivyo kwa mwenye mzigo.

Ayubu Tahiri


Ushongo
27 Septemba 2024

Bwana Ayubu,

Nimemsomea Bi Saleha barua yako. Nilipofika kwenye mkate mkavu alicheka mpaka akakaa chini. Anasema marahaba, na anasema ugonjwa wako si sheria, ni njaa.

Hayo ya mlango nimeyaelewa. Sikuyapenda, lakini nimeyaelewa. Neno langu moja tu: anayekaa foleni siku zote ni mkweli. Yule wa mafuta ya bandia anajua pa kupita. Mwambie mkubwa wako kwamba sheria nzuri ikichelewa sana, kwetu sisi inafanana na mbaya.

Uliniuliza nani aliyepanda ile minazi mifupi ya upande wa kaskazini, nikanyamaza, ukaandika kwenye daftari lako kwamba sijui. Najua. Alipanda mume wangu, Miraji, mwaka ule watu walipokuwa wakikata minazi yao kwa ugonjwa na kuuza mbao. Walimcheka. Alifariki kabla haijazaa. Sasa inazaa kuliko yote, na kila tunapoangua huwa natamani kumwita aje aone. Sikutaka kulisema hilo mbele ya afisa mwenye kalamu. Sijui kwa nini naweza kukuandikia.

Na wewe je, nyumbani nani anakupikia? Si swali la uhakiki. Unaweza kuliacha.

Sabra


Mpakani
7 Oktoba 2024

Kwa Bi Sabra Sele,
Ushongo.

YAH: MABADILIKO YA AFISA

Husika na somo tajwa hapo juu.

Nakujulisha kwamba Bw. Ayubu Tahiri ameomba kuondolewa katika shauri lenu, na ombi lake limekubaliwa. Jalada limekabidhiwa kwangu. Tafadhali elekeza mawasiliano yote kwangu, wala usimwandikie yeye kuhusu jambo hili. Nitachukua sampuli mpya ya mafuta na kuipeleka maabara, na nitafanya tathmini upya bila kutegemea ripoti iliyotangulia.

Anjela M.
Afisa Mhakiki


Ushongo
12 Oktoba 2024

Bwana Ayubu,

Nimeambiwa nisikuandikie kuhusu mafuta. Basi sikuandikii kuhusu mafuta.

Kumbe swali moja la jikoni limekukimbiza. Kama ulidhani nakulainisha ili mzigo upite, umenikosea kuliko ulivyomkosea Bi Saleha. Ningekuwa wa kulainisha watu ningeanza na Badru, aniletee chupa zisizo na maandishi. Nilikuuliza kwa sababu nilitaka kujua. Na yale ya Miraji nilikuambia kwa sababu nilikuona mtu wa kuambiwa. Naona nilikosea.

Hatim amempigia Badru simu. Anasema akifika mwisho wa mwezi ujao hajapata mzigo atatafuta kwingine. Kina mama wawili wamerudi kwenye maandazi. Bi Saleha anakuja bandani kila asubuhi, anafagia pasipo na uchafu, anarudi kwake. Hilo nalo si kuhusu mafuta. Ni kuhusu Bi Saleha.

Usijisumbue kujibu.

Sabra Sele


Mpakani
4 Novemba 2024

Kwa Bi Sabra Sele,
Ushongo.

YAH: UAMUZI KUHUSU ASILI YA MAFUTA YA NAZI

Baada ya kupokea majibu ya maabara, maelezo ya afisa wa Tanzania na matokeo ya ukaguzi wangu mwenyewe wa tarehe 22 Oktoba, ofisi hii imeridhika kwamba mafuta ya kikundi chenu yamepatikana yote ndani ya nchi mwanachama. Yanastahili kuingia bila ushuru. Mzigo umeachiwa leo na wakala wenu ameshaupokea.

Kuhusu chupa, ofisi imeamua kwamba jina la nchi iliyotengeneza chupa halibadilishi asili ya kilichomo. Uamuzi huu umesambazwa kwa maafisa wote wa kituo hiki, ili vikundi vingine vya pwani vinavyotumia chupa za aina hiyo visizuiwe kwa sababu hiyo peke yake. Wa Mkinga na wa Muheza walikuwa wanasubiri uamuzi wenu.

Mwisho, si sehemu ya uamuzi: siku ile nilipokuja mlinipa kigoda kivulini mkaniacha nifanye kazi yangu, hamkunipa kitu kingine. Nilielewa, na niliwashukuru.

Anjela M.


Mpakani
6 Novemba 2024

Bi Sabra,

Assalaam alaykum.

Uamuzi umetoka juzi. Nilingoja mpaka nilipomwona Badru akipakia katoni ya mwisho, ndipo nikanunua karatasi hii. Sasa huna jambo lolote mezani kwangu, wala sina ninaloweza kukupa au kukunyima. Kwa hiyo naweza kujibu.

Nyumbani hakuna anayenipikia. Mke wangu alifariki miaka mingi sasa, binti yangu ameolewa Malindi. Nakula kwa mama ntilie aliye mbele ya kituo, na wali wake nausamehe kwa sababu ananipa ukiwa wa moto.

Barua yako ya mwisho ya Septemba iliponifikia nilikuwa naandika ripoti ya mafuta yenu. Niliandika juu ya minazi, vifuu na utando wa tui. Kisha nikajisoma nikakuta nimeandika jinsi unavyocheka ukiwa umeshika mwiko, na kwamba ukitaka kusema kweli ngumu huwa unatazama pembeni kwanza. Nilifuta. Nikaandika tena, likaingia jingine. Nikatambua kwamba siwezi kuapa kwamba natazama mafuta peke yake. Hata kama ningesema haki tupu, nisingejua mwenyewe kama ni haki au ni wewe. Asubuhi nilikwenda kwa mkubwa wangu nikamwambia anitoe. Akaniuliza, "Wamekupa nini?" Nikamwambia, "Sijapewa. Nataka kuomba."

Barua yako ya Oktoba niliipokea. Ilinichoma, na sikuweza kujibu, maana neno lolote kutoka kwangu lingeweza kuharibu jalada lililokuwa kwa Anjela. Nilimwona akiondoka kuja Ushongo na mimi nimekaa ofisini napanga karatasi ambazo zilikuwa zimepangwa. Naomba unisamehe kwa kukuacha ufikiri ulivyofikiri.

Sijakimbia swali lako. Nimelikimbilia kwa njia ndefu.

Nimeomba kuhamishiwa sehemu ya mafunzo, na nimekubaliwa. Mzigo wa kikundi chenu hautapita tena mikononi mwangu, leo wala baadaye. Mwakani mwishoni nastaafu. Nimesoma kanuni za raia wa Jumuiya kukaa katika nchi nyingine mwanachama, na nimeona zinanipokea, ila sharti niwe na mahali pa kukaa na mtu wa kunikaribisha. Sitaki uje kwangu, Bi Sabra. Huko una kazi na una watu. Nauliza kama mimi naweza kuja huko.

Ukiniruhusu, nitawatuma wazee wangu wa Vanga kwa wazee wako na barua ya posa. Hiyo hawatanikubalia niiandike mwenyewe, wanasema nina mwandiko wa serikali. Usiporuhusu, niandikie neno moja tu, nami nitakuombea heri.

Ayubu


Ushongo
30 Novemba 2024

Ayubu,

Wa alaykum salaam warahmatullah.

Neno moja nililokuandikia lile la "Walete" naona lilifika, kwa sababu wazee wako walifika. Nitakueleza yaliyotokea, maana najua wao watakupa nusu.

Kwanza habari za kazi. Hatim amepokea mzigo na ameagiza mwingine. Wale wawili wamerudi kutoka kwenye maandazi, na wamekuja na wa tatu. Kina mama wa Mkinga walimtuma mtu hapa kutushukuru kwa ule uamuzi wa chupa. Tulimwonyesha namna ya kuengua tui. Sijui kama nimefanya vizuri kibiashara. Nilifurahi tu.

Sasa habari zako. Wazee wako walikuja Alhamisi baada ya Asri. Walikaa barazani na Mjomba Luqmani, mkubwa wa upande wetu, ambaye sasa masikio yake hayamsaidii sana. Walianza mbali kama inavyotakiwa, wakauliza mvua, wakauliza bahari, wakauliza ugonjwa wa minazi. Mimi na Bi Saleha tulikuwa ndani nyuma ya pazia. Bi Saleha alikuwa ananifinya mkono kila walipotaja jina lako.

Barua ya posa ikasomwa. Mjomba akauliza, "Huyu ndiye aliyekataa kula?" Mzee wako mmoja akasema ndiye. Bi Saleha hakustahimili, akatoa kichwa nje ya pazia akasema, "Alikataa kwa ajili ya haki, na aliumia kuliko sisi. Kama hamumtaki nyinyi, namchukua mimi awe mwanangu." Wazee wako walicheka, na Mjomba, ambaye hakuwa amesikia vizuri, akacheka kwa kuwafuata.

Halafu nikaitwa niulizwe. Niliketi karibu na mlango. Nilimfikiria Miraji, sitakuficha. Nilidhani nitaona kama namwacha, na haikuwa hivyo. Niliona kama minazi yake imepata mtu mwingine wa kuipenda. Kisha nikakufikiria wewe peke yako, na kule kungoja kwako, na nikaona moyo umetulia kama ambavyo haukutulia kwa miaka mingi.

Wewe unajua sheria, basi na hii unaijua. Msichana akiulizwa akanyamaza, kimya chake kinatosha. Mjane hanyamazi. Mjane sharti aseme kwa mdomo wake, watu wasikie.

Nilisema, "Nimekubali."

Mjomba akaweka mkono sikioni akauliza, "Amesema nini?"

Nikasema tena. Bi Saleha anadai mara hii walisikia mpaka Bweni.

Sabra